Kijivu Namba Arobaini na Moja

Aubusson, mvua ya Machi, mto Creuse umevimba.
Bibi Huguette Lavergne anachovya shada la sufu chunguni,
anahesabu kwa midomo isiyotoa sauti,
analitoa, analikamua, analiinua dirishani
kando ya jingine.
"Hii ni arobaini. Na hii je?"
Mimi naona kijivu na kijivu.
"Basi bado hujaajiriwa, Amadeu."

Siku tisa nilikula mkate wake nimesimama.
Siku ya kumi wingu likapita juu ya paa la kanisa,
mwanga ukapungua kiasi cha pumzi,
shada moja likabaki na joto, jingine likapoa.
Nikapiga ukelele kama mtu aliyekanyaga msumari.
Hakunisifu. Alinipa mti wa kukorogea.

Jioni akanimegea neno kama anavyomega jibini:
nuance.
Babu yake, alisema, ni nubes ya Kilatini, wingu tu,
lile la kawaida, linyeshalo likaharibu mavuno.
"Nuvem," nikasema. Kwetu Bragança babu ni huyo huyo.
"Naam. Sisi tukamwita nue,
na watu wa nyuzi wakamfanya kitendo:
kuitoa rangi gizani hadi kwenye nuru
bila jicho kujua ni wapi ilipovuka mpaka."
Kisha akaninyooshea kisu, na jibini yake nchani:
"Lakini mpaka upo. Usije ukanifanyia ukungu hapa.
Ukungu huficha. Wingu, ukilikazia macho, lina kingo."

Mei, Sidonie akaniandikia kutoka Limoges.
Nilirukia mistari yote nikatua mwishoni:
Je t'aime bien.
Nakupenda, na juu yake vyema!
Nikaitundika barua juu ya mapipa ya shabu, kila apitaye aione.
Bibi Huguette akaisoma, akavua miwani, akaifuta,
ingawa haikuwa na doa.
"Mwanangu. Katika lugha yetu
nakupenda likisimama peke yake ni moto.
Ukiliongezea hilo vyema, umelimwagia maji.
Ni penzi la binamu. La paka wa jirani."
Neno limeongezwa, upendo umepungua:
hesabu gani hiyo?
"Ya chunguni," akasema. "Ongeza tone la kijani, nyekundu inazimika."

Kiangazi mto ukaja mwekundu.
Kiwanda cha ngozi, kule juu; kila mtu alijua,
hata bata walijua, wakahama.
Bwana Fournioux wa halmashauri akasimama ukumbini:
"Suala hili, mabibi na mabwana, lahitaji nuance.
Tusikurupuke. Tuwe na nuance."
Alilitamka mara sita. Nilihesabu kwa vidole.
Bibi Huguette hakuomba nafasi ya kusema.
Alipita katikati ya viti na ndoo yake,
akatoa shada lililokuwa jeupe asubuhi ile
kabla ya kukaa mtoni dakika moja,
akaliweka, likichuruzika, juu ya makabrasha yake.
"Nyekundu zote za mji huu nazijua kwa namba.
Hii sikuipika mimi. Itaje."
Karatasi zilikuwa zikinywa.
Bwana Fournioux akatazama saa.

Sidonie nilimjibu Septemba.
Kulikuwa na namna tatu za kumwambia asante:
moja ilikuwa na mwiba, moja ilikuwa na mlango ulioachwa wazi.
Nikaandika ya tatu. Ilinichukua usiku mzima
na haikujaza hata nusu ya kadi.

Asubuhi mbingu zilikuwa zimefunga.
Bibi akainua mashada mawili dirishani, kimya.
"Arobaini," nikasema, "na arobaini na moja.
Ila hiyo ya pili bado mbichi.
Ikikauka itakuwa arobaini pia."

Akayashusha. Akayanusa.
Kwa mguu, bila kunitazama,
akanisukumia kiti.